Mitego Iliyofuliwa

Mtaani hakuna aliyemwita kwa jina lake. Walimwita Mama Dobi, naye hakukasirika, maana alikuwa amefua mashuka ya hospitali tangu akiwa msichana mwembamba hadi siku alipopewa saa ya ukutani, keki na hotuba ndefu ya kumuaga. Mikono yake ilikuwa imechujuka kwa dawa, vidole vimesinyaa kwenye ncha, na kichwani alikuwa na imani moja iliyopita nyingine zote: ugonjwa husafiri kwa unyevu. Shuka la wodi ya kifua halipandi kitanda cha wodi ya wazazi kabla halijachemshwa, likasuuzwa na kuanikwa likakauka kau. Ukimwambia limekauka kidogo, alikutazama kama vile umemtukania mama yake.

Alipostaafu watu walidhani atakaa kibarazani ahesabu wapita njia. Wapi! Wiki ya pili tu alikuwa ameshafua mapazia yote ya nyumba, zulia la jirani ambaye hakuomba, na mfuniko wa kitambaa wa redio. Hapo ndipo shemeji yake, mdogo wa marehemu mumewe, alipoona bora amtafutie kazi kabla hajamfua na yeye.

Shemeji huyu alikaa chumba cha uani, nyuma ya jiko. Alikuwa mchomeleaji wa vyuma, na kwa kuwa nusu ya mageti ya mtaa ule yalitoka mkononi mwake, watu walimwita Fundi Geti. Mkewe alishaondoka zamani bila kuaga, kaka yake akafariki baadaye, na tangu hapo yeye na Mama Dobi walibaki wawili katika nyumba ile, wakila chungu kimoja. Alikuwa mtu wa maneno machache. Starehe yake moja ilikuwa kutega kamba wa mtoni.

Huyu kamba si yule wa baharini. Ni mdogo, urefu wa kiganja, ana magando mawili mbele kama koleo za fundi, anaishi chini ya mawe, na akikuona anakimbia kinyumenyume. Kwao kulikuwa na maji mawili, na kila maji yalikuwa na kamba wake. Kwenye mto mkubwa unaopita chini ya daraja la lori walikaa kamba wekundu, wageni waliotoroka kwenye bwawa la mtu fulani miaka ya nyuma, wakazaana, wakatoboa kingo na kula kila kilichoota. Kwenye kijito cha juu, chenye maji membamba ya baridi, walikaa kamba wadogo wa kahawia, wenyeji waliokuwepo kabla ya babu wa babu.

Afisa wa uvuvi, mwanamke mchangamfu mwenye pikipiki na kofia ya jua, aliwaeleza watu wa kijito mara nyingi. Wale wekundu wa mtoni, mwenye kibali ale mpaka achoke, ila wasisafirishwe hata kidogo wakiwa hai. Wale wa kahawia waachwe wapumzike, maana walikuwa wamepungua. Tena wekundu wana maradhi ambayo wao wenyewe hayawaumizi, lakini wa kahawia yakiwafika wanakwisha wote. Na maradhi hayo hupanda juu kwa wavu uliolowa, kwa buti lililolowa, kwa ndoo yenye maji chini.

Mama Dobi aliposikia hivyo nusura amkumbatie yule afisa. Maisha yake yote alikuwa amewahubiria watu jambo hilo, na leo hii hata kamba wanalijua!

Basi kazi ikagawanywa. Fundi Geti alitega mtoni, chakula kikatoka huko. Mama Dobi alipewa kijito, si kwa kula bali kwa kuchungulia: kila baada ya muda alizamisha mitego jioni, akaiinua alfajiri, akatazama nani yupo na ukubwa gani, akamrudisha kila mmoja palepale alipotoka. Mitego yote aliitengeneza Fundi Geti. Fremu ya chuma, wavu wa nailoni, mlango mwembamba usiopitisha fisi maji, na pembeni pete ndogo ya chuma ili kamba mtoto akiingia aweze kutoka zake. Mitego ya mtoni ilifungwa uzi mwekundu, ya kijito uzi mweupe, na ole wake aliyeichanganya. Vyote vilisuguliwa kwa brashi na kuanikwa juani siku kadhaa.

Afisa alisema maji safi, brashi na jua vinatosha. Mama Dobi alisikia yote hayo, akaitikia kwa kichwa, kisha akaongeza la kwake. Msimu ule hospitali ilikuwa imeuza mashuka makuukuu, naye alinunua furushi zima kwa ajili ya kumbukumbu tu. Akakata, akashona vifuko vya kutilia chambo ili vipande vya samaki visitawanyike majini. Vifuko hivyo, pamoja na mitego ya uzi mweupe, akaviloweka kwenye klorini kama alivyofundishwa, akasuuza, akaanika. Vilikuwa vyeupe kuliko shati la bwana harusi. Akavining'iniza uani na kuvitazama kwa raha.

Tangu hapo mitego ya kijito ikawa inatoka mitupu.

Mara ya kwanza alisema ni mvua. Mara ya pili akasema ni mwezi. Mara ya tatu alisimama ndani ya maji yanayomfika kwenye vifundo, mtego mkononi unachuruzika, chambo hakijaguswa hata kidogo. Alijua maana yake. Kamba wa kahawia wamekufa. Kuna mtu amepandisha unyevu wa mto.

Na alikuwa amekwisha kumwona mtu huyo. Wiki ile, akirudi kutoka sokoni, alimkuta Fundi Geti anashuka kutoka kijitoni, mabuti yake yamelowa mpaka magotini. Fundi ambaye jana yake alishinda mtoni! Hakumuuliza kitu siku ile. Alimeza neno.

Likatoka mahali pabaya. Afisa alipokuja, watu wa kijito walikusanyika kwenye kivuko cha mbao kusikiliza habari, na aliposikia mitego ni mitupu akauliza kwa upole kama kuna yeyote anayejua chochote. Wahenga walisema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi, lakini siku hiyo Mama Dobi hakuwa na nafasi ya kuwasikiliza wahenga.

"Aulizwe shemeji yangu," alisema, tena kwa sauti ya mtu aliyezoea kushindana na mashine za kufulia. "Mabuti ya mtoni ameyaleta huku yakiwa yamelowa. Nimeyaona kwa macho yangu. Mimi nasugua mpaka kucha zinang'oka, yeye anatuletea kifo kwa miguu!"

Watu wote wakageuka. Fundi Geti alikuwa amesimama mwisho wa kivuko, kofia mkononi.

"Shemeji," alisema, "umeniona mimi nikifanya hivyo?"

"Nimeona mabuti. Mabuti yana miguu ya nani?"

Mtu mmoja akacheka. Fundi Geti alisubiri kicheko kiishe, akavaa kofia yake.

"Sawa, mama," alisema, akaondoka.

Afisa aliwatuliza watu, akasema hakuna wa kuhukumiwa bado, waache maji yatulie, atarudi Jumamosi ya mwisho wa mwezi wapime tena. Lakini mtaa hausubiri vipimo. Mwenye duka aliyezoea kumtania Fundi Geti akaanza kumhudumia kimya kimya. Bwana mmoja aliyeagiza geti akaja kusema basi, ameahirisha. Na nyumbani, ambako hapo awali Fundi Geti alimwita Mama Dobi "shemeji" kuanzia chai ya asubuhi mpaka kufunga mlango, sasa alimwita "mama", kama abiria anavyomwita mwanamke asiyemjua. Alijinunulia jiko dogo la mkaa, akawa anapika chai yake peke yake chumbani kwake. Mitego yake yote ya mtoni aliitundika ghalani. Kisha siku moja, bila kukaa, akasema amepata chumba karibu na karakana moja katika mji mwingine, na rafiki yake mwenye pikapu atakuja kumhamisha Jumamosi ya mwisho wa mwezi, mchana.

"Safari njema," Mama Dobi alisema.

Kwa nje alikuwa jiwe. Ndani, acha tu. Aliamini ana haki, na haki hiyo ilimkaa mwilini kama kiatu kipya kisicho saizi yake. Alipika chakula cha watu wawili kwa mazoea, akala nusu, akamwaga nusu. Jioni alisikia kikombe kikiwekwa sakafuni upande wa pili wa ukuta na akatamani kulia, kisha akajikasirikia kwa kutamani kulia. Mume alikuwa amezikwa, watoto hakujaliwa, na ndugu pekee aliyebaki alikuwa anafunga masanduku kwa ajili ya maneno yake. Akajikaza kisabuni. Dobi asipojikaza kisabuni, nani atajikaza?

Ijumaa, siku moja kabla ya pikapu, alifika Bi Pasi.

Bi Pasi alikuwa mwenzake wa hospitali. Mama Dobi alikuwa chumba cha mapipa, chumba cha mvuke na dawa. Bi Pasi alikuwa chumba cha mwisho, kwenye meza ya kupigia pasi, dirisha wazi na kaseti ya taarabu. Alikuwa mnene, mcheshi, na hakuwahi kumwogopa mtu yeyote isipokuwa mkunga mkuu. Aliingia kwa geti la uani, akasimama ghafla na kuziba pua.

"Yarabi! Mwenzangu, unamfulia nani tena? Umerudishwa kazini?"

"Simfulii mtu. Hiyo ni mitego yangu na vifuko vya chambo."

"Vya nini?"

"Vya chambo. Vya kuvutia kamba."

Bi Pasi alichukua kifuko kimoja, akakisogeza puani, macho yakamtoka machozi. "Kwa klorini hii utamvutia nani? Mimi mwenyewe nakimbia, na mimi nimelipwa pensheni ya harufu hii!"

"Acha utani. Nimesuuza mara tatu. Havinuki hata kidogo."

"Havinuki?"

"Havinuki."

Bi Pasi alikirudisha kile kifuko kambani. Kisha akaenda jikoni, akarudi na vitu viwili kavifunika kwa leso. Cha kwanza alimwekea puani, na Mama Dobi akasema, "Kitunguu," maana kilikuwa kitunguu. Cha pili alimwekea vilevile, karibu kabisa.

"Haya, sema."

Mama Dobi alivuta pumzi. Akavuta tena. "Hicho ni kikombe cha maji."

Bi Pasi aliondoa leso. Ilikuwa chupa ya klorini, kifuniko wazi.

"Umeivuta miaka mingi mno, dada yangu," alisema, na sasa hakuwa anacheka. "Pua yako imeizoea mpaka haiioni. Nyani haoni kundule. Na huyo mdudu, anatafutaje chakula chake chini ya mawe gizani? Si kwa kunusa?"

Mama Dobi alikaa kwenye kigoda. Akili yake ilikuwa inarudi nyuma, inapita kwenye mitego mitupu mmoja baada ya mwingine, chambo kizima kisichoguswa, vifuko vyeupe, vyeupe, vyeupe. Kijito hakikuwa kimekufa. Yeye ndiye aliyekuwa anawafukuza kamba kwa mikono yake, kila baada ya siku chache, kwa usafi.

"Lakini mabuti," alisema, kwa sauti ndogo. "Yalikuwa yamelowa."

Alipomsimulia habari yote, Bi Pasi aliuliza, "Ulimuuliza yalilowea wapi?"

Hakuwa amemuuliza. Aliinuka, akaenda kwenye mitego iliyotundikwa, akaanza kuipapasa kama anatafuta kifungo kilichopotea. Kwenye mtego wa nne aliona. Kona moja ya fremu ilikuwa imefungwa waya mpya, umesokotwa mara mbili na ncha kukunjwa kwa ndani ili usimchome mtu kidole. Hakuna mwingine aliyekunja waya hivyo. Alikumbuka asubuhi ya siku ile ya mabuti mtego huu ulikuwa umenasa chini ya mzizi, naye akauacha, akisema atakuja na mtu mwenye nguvu. Jioni aliukuta umetolewa, umewekwa kwenye majani makavu. Alidhani maji yameutoa. Maji gani yanayokunja waya?

Mabuti yalilowa kijitoni; yale ya mtoni siku ile yalikuwa bado yameanikwa juani uani, naye aliyapita bila kuyatazama. Yalilowa kwa ajili yake.

Sasa hapo, msomaji, mtu mwingine angekimbia mlango wa uani akagonga. Mama Dobi alifika mpaka mlangoni, akainua mkono, akaushusha. Alikuwa mkaidi, lakini mjinga hakuwa. Alimpaka matope mbele ya watu. Kumsafisha gizani nyuma ya jiko kungekuwa kufua upande mmoja wa shuka.

"Nitasema kesho kivukoni," alimwambia Bi Pasi.

"Subiri basi kwanza uone kama mitego imeshika. Ikitoka mitupu je? Utakuwa umejiaibisha bure."

"Ikitoka mitupu nitakuwa bado nimemsingizia."

Bi Pasi alifikiri, akavua viatu vyake vizuri vya kutembelea watu, akaomba kanga ya kujifunga kiunoni. "Haya. Kinachotegwa kinategwaje?"

Ghalani walikuta mitego mipya ambayo Fundi Geti aliiunda na kuiacha bila kuitumia, mikavu, yenye vumbi la chuma tu. Wakaisuuza kwa maji matupu, wakaifunga uzi mweupe. Chambo wakakitia kwenye mifuko ya wavu ya vitunguu. Kwa ajili ya mto walichukua mitego ya uzi mwekundu iliyokuwa imening'inia tangu ugomvi, mikavu kama mifupa. Wakaanza na kijito, kisha mto; safi kwanza, chafu baadaye, kama walivyokuwa wakianza na nguo za wodi ya watoto. Kwenye ukingo wa mto Bi Pasi aliteleza na kukaa kwenye matope kwa kishindo, akabaki amekaa, akicheka mpaka bata wa watu wakaruka.

"Nilistaafu ili nipumzike!" alipiga kelele.

Mama Dobi naye alicheka, kwa mara ya kwanza mwezi ule, kisha akakumbuka pikapu ya kesho na kicheko kikaishia njiani.

Asubuhi kivukoni watu walikuwa wengi kuliko mara ile. Aibu ya mwenzio haikosi watazamaji. Afisa alishuka kwenye pikipiki, akavaa mabuti makavu aliyoyatoa kwenye mfuko wa nailoni. Fundi Geti alikuwepo pia, mbali, mikono mfukoni, amevaa viatu vya safari. Hakuja kwa ajili ya mtu. Alikuja kwa ajili ya kamba.

Afisa alishika uzi wa kwanza.

"Mama, naomba usivute bado," Mama Dobi alisema. "Nina neno."

Akapiga moyo konde.

"Mara ile nilisimama hapahapa nikasema shemeji yangu ameua kijito. Nilisema uongo. Sikujua kama ni uongo, lakini sikuuliza, na asiyeuliza hana tofauti na mwongo. Mabuti yake yalilowa humu humu kwa kunitolea mtego wangu. Na mitego ilitoka mitupu kwa sababu mimi, Mama Dobi, niliitia klorini mpaka kamba wakakimbia. Pua yangu haisikii tena klorini. Mnaotaka kucheka chekeni, mna haki. Lakini yule bwana aliyeagiza geti akaahirisha, na mwenye duka, na wote mliomnunia, mmemnunia mtu safi. Nimemaliza. Vuta sasa, na hata mtego usipotoka na kitu, nililosema ni lilelile."

Kwa kweli baadhi walicheka, maana kamba kukimbia klorini ni jambo la kuchekesha. Fundi Geti hakucheka wala hakusogea.

Afisa alivuta. Mtego ulipanda taratibu, maji yakachuruzika kwenye wavu, na ndani yake kitu kikapiga mkia. Kisha kingine. Kamba wa kahawia, wakubwa kwa wadogo, magando juu, wana hasira za kuamshwa.

"Wapo!" mtu alipiga kelele, na watu wakaanza kushangilia kama wameona timu yao imefunga.

Mitego yote ilikuwa nao. Afisa aliloweka mikono yake kwanza ili asiwaumize, akawapima mmoja mmoja kwa kijiti chenye alama. Mmoja alimgeuza akaita watu waone: chini ya mkia alikuwa amebeba mayai, mengi, meusi, yameshikana kama punje za uwele. Mama Dobi aliinama. Afisa alimpa amrudishe yeye mwenyewe, naye akamshusha mpaka mikono ikazama, akamwachia kando ya jiwe lake, akamwona anaingia chini kinyumenyume pamoja na wanawe wote.

"Wanazaa," afisa alisema. "Mkiendelea kuwaacha, mwaka kesho tutazungumza habari ya kuonja."

Mama Dobi alipoinua kichwa kumtafuta shemeji yake, mwisho wa kivuko hapakuwa na mtu.

Huko mtoni Bi Pasi alikuwa anamsubiri na sanduku la barafu. Mitego ya uzi mwekundu ilikuwa mizito. Hawa hawakurudishwa hata mmoja, wala hawakubebwa wakiwa hai. Mmoja aliyekuwa amekufa mtegoni wakamtupa kwenye mfuko wa taka, maana kamba aliyejifia haliwi. Wengine wakalazwa kwenye barafu palepale ukingoni, wakaachwa mpaka magando yakalegea na usingizi wa baridi ukawachukua. Ndipo Mama Dobi alipowamaliza kwa ncha ya kisu, haraka, mmoja mmoja, kama alivyoonyeshwa na shemeji yake. Hakupenda kumtesa kiumbe, hata mgeni mharibifu.

Nyumbani sufuria kubwa lilichemka mpaka likatoa mvuke dirishani. Chumvi, kitunguu, kitunguu saumu, ndimu. Aliwatia wachache wachache ili maji yasipoe, akawaacha waive sawasawa bila papara, maana kamba mbichimbichi ana wadudu wake. Wekundu wao wa matope ukageuka wekundu wa kung'aa. Bi Pasi alishika mkia wa kila mmoja, akasokota kipande cha katikati na kuvuta, utumbo mweusi ukatoka kama uzi. Mama Dobi alitia chumvi. Akasikia vyuma vinagongana uani, masanduku yanasogezwa, akatia chumvi tena bila kujua kuwa ameshatia.

Pikapu ilipiga honi getini. Dereva, kijana wa watu mwenye tumbo la kupenda kula, aliingia akinusa.

"Fundi! Tunapakia ama tunakaribishwa?"

Fundi Geti alikuwa ametoka na sanduku la vifaa begani. Alitazama meza iliyowekwa uani, sahani nne, sinia la kamba linafuka. Alimtazama Bi Pasi aliyekuwa na matope ya jana kwenye kanga. Hakumtazama Mama Dobi. Naye Mama Dobi hakumkaribisha. Aliogopa kwamba akifungua mdomo litatoka jambo la kijinga, na mdomo huo ulikuwa umeshafanya kazi ya kutosha mwezi ule. Alisimama tu na kijiko.

"Mtu hafukuzwi na harufu kama hii," dereva alijijibu mwenyewe, akanawa mikono, akakaa.

Fundi Geti aliweka sanduku chini. Akanawa. Akakaa ukingoni mwa benchi, kama mgeni asiyetaka kuchelewa. Alichukua kamba mmoja, akamvunja katikati, akamenya mkia, akala polepole. Dereva alikuwa anafyonza magando bila aibu. Fundi akachukua wa pili. Mama Dobi alikuwa anajiambia kwamba shemeji yake akisema "asante, mama", basi ndiyo kwaheri. Mgeni hushukuru, kisha huenda zake.

Fundi Geti alimaliza wa pili, akafuta vidole.

"Chumvi imezidi, shemeji," alisema. "Kesho napika mimi."

Mama Dobi alikaa chini palepale, akalia kwa sauti, kijiko mkononi, bila kujificha. Dereva alitazama pikapu yake, akamtazama fundi, akavuta sinia karibu.